Kifungo cha Nje na Mlango Uliohama

Miaka kadhaa nyuma, Mbagala, mama mmoja jirani yetu alinigongea jioni akiwa ameshika karatasi ya mahakama. Kijana wake alikuwa amepatikana na kosa dogo la wizi, na hakimu, badala ya kumpeleka gerezani, alimweka chini ya uangalizi kwa miezi 12. Mtaani habari ilikuwa imeshaenea: "Kapewa kifungo cha nje." Mama alikuwa na furaha na hofu kwa pamoja. "Mwanangu, wewe unajua kusoma haya makaratasi. Hapa wameandika aripoti kwa afisa. Sasa huyo afisa anapatikana wapi?"

Ilituchukua siku tatu kumpata. Ofisi ya kwanza walituambia hiyo ni kazi ya watu wa ustawi wa jamii. Ofisi ya pili wakasema hapana, siku hizi ni Mambo ya Ndani. Ya tatu, aliyetupokea mlangoni alidhani tumekuja kuuliza habari za parole. Hakuna aliyetutukana, hakuna aliyetuomba kitu kidogo. Kila mmoja alitutuma kule alikoamini kwa dhati kwamba ndiko. Nilipokuja kusoma historia ya jambo hili nikaona kwamba wawili wa mwanzo walikuwa sahihi wote, ila kila mmoja alikuwa sahihi kwa mwaka wake.

Tuanze na neno lenyewe. Kenya wanasema urekebishaji tabia. Sisi huku tunasema probesheni, neno ambalo wengi wetu tunalijua kazini, ule muda wa majaribio kabla hujathibitishwa. Kwa Kiswahili cha sheria tunasema uangalizi. Na hapo kuna utamu wake. Ukimwambia jirani "niangalizie mtoto, natoka kidogo," unamwomba amtunze. Mlinzi wa getini akisema "yule jamaa namwangalia," anamaanisha kitu kingine kabisa. Kitenzi ni kimoja, lakini ndani yake mna kulea na mna kulinda. Kwangu mimi, historia ya probesheni nchini ni historia ya serikali kwenda na kurudi kati ya maana hizo mbili.

Wazo lilianza na fundi viatu. Mwaka 1841, mjini Boston, Marekani, fundi aliyeitwa John Augustus alisimama mahakamani akamdhamini mlevi aliyekuwa anaelekea kufungwa, akaahidi kumrudisha baada ya muda akiwa mtu mwingine. Alimrudisha kweli. Alipofariki mwaka 1859 alikuwa ameshawadhamini watu karibu 2,000. Hakuwa na ofisi wala cheo, na aliyetaka kumpata alijua pa kumkuta. Jimbo la Massachusetts lilitunga sheria ya kazi hiyo mwaka 1878, Uingereza ikafuata mwaka 1907, na kwa meli za Waingereza wazo likafika kwetu.

Lilifika katika muongo wenye mambo mawili yanayogongana. Mwaka 1944 serikali ya kikoloni ya Tanganyika ilipata sheria ya kuwaondoa mijini watu iliowaita wasiofaa. Dar es Salaam ilikuwa inafurika vijana kutoka bara, na mtu asiye na kazi ya kueleweka aliitwa mhuni, akakamatwa na kurudishwa kwao. Miaka mitatu baadaye, mwaka 1947, ikaja sheria ya uangalizi wa wakosaji, ile ambayo leo ni Sura ya 247. Sheria ya kwanza ilisema: mtoe mjini. Ya pili ilisema: mwache akae, ila awepo mtu wa kumwangalia.

Hiyo ya pili ina kifungu ambacho mimi hukipenda. Hakimu hawezi kutoa amri ya uangalizi kimyakimya. Anapaswa kumweleza mkosaji kwa lugha ya kawaida maana ya amri na nini kitampata akiikiuka, na mkosaji mwenyewe akubali. Gerezani hakuna anayekuuliza kama uko tayari. Hapa unaulizwa, na muda unaopewa ni kuanzia mwaka 1 hadi miaka 3. Kimsingi ni mapatano, na upande wa pili wa mapatano hayo ni afisa. Usipomwona, umevunja neno lako. Unaweza kurudishwa mbele ya hakimu na kuadhibiwa kwa kosa lile lile la mwanzo. Ndiyo maana swali la yule mama halikuwa swali dogo.

Kazi hiyo ilikaa chini ya Ustawi wa Jamii kwa miongo mingi. Ilikuwa busara, kwa sababu afisa hakuwa askari. Kazi yake ilikuwa kufika nyumbani, kuongea na wazazi na majirani, kumwuliza mjumbe wa nyumba kumi kijana huyu anaishije, kisha kuiandikia mahakama. Wakati huo mji ulikuwa unaingia kichwani mwa mtu mmoja. Sensa ya mwaka 1948 ilihesabu watu kama 69,000 tu Dar es Salaam nzima.

Baada ya uhuru upepo ukageuka. Mwaka 1963 Bunge lilipitisha sheria ya adhabu za chini kabisa, iliyorudisha hata viboko, na mwaka 1972 ikaja nyingine mahali pake. Kwa makosa yaliyoorodheshwa humo, hakimu alifungwa mikono: hata akimwonea huruma aliye mbele yake, kiwango cha chini kilikuwa kimeshaandikwa. Mwaka 1983 ikaja Nguvu Kazi, na wazee wa Temeke na Manzese wanazikumbuka zile kamatakamata za watu wasio na kitambulisho cha kazi. Lile wazo la mwaka 1944, mtoe mjini, lilikuwa limerudi na kuvaa nguo za kujitegemea. Sheria ya uangalizi haikufutwa. Ilibaki kwenye vitabu.

Kilichoiamsha ni msongamano. Magereza ya Afrika yalijaa mpaka watu wakalala kwa zamu. Zimbabwe ilianza mapema miaka ya 1990 kuwapa wakosaji wa makosa madogo kazi za bure hospitalini na mashuleni badala ya kifungo. Mwaka 1996 mkutano wa Kampala ukatoa azimio kuhusu hali ya magereza barani, na mwaka 1997 mwingine, Kadoma, ukazungumzia adhabu hiyo ya kazi za jamii. Kenya ikatunga sheria mwaka 1998, Uganda mwaka 2000, na Tanzania ikaja na Sheria ya Huduma kwa Jamii mwaka 2002, kwa vifungo visivyozidi miaka 3.

Sasa kukawa na nyumba mbili. Uangalizi ulikuwa Ustawi wa Jamii, huduma kwa jamii ilikuwa Mambo ya Ndani. Mwaka 2008 zikaunganishwa kuwa idara moja chini ya Wizara ya Mambo ya Ndani ya Nchi, wizara ile ile yenye Polisi na Magereza. Afisa akawa na mwajiri mmoja na mambo yakapata mpangilio. Lakini mlango ulihama, na aliyeuzoea ule wa zamani aliendelea kuwaelekeza watu huko.

Tena mlango wa zamani haukufungwa kabisa. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inamtaja afisa ustawi wa jamii kwenye mashauri ya watoto. Kwa hiyo mwenye mtoto wa miaka 15 aliyekosea anaenda kwa ustawi, na mwenye kijana wa miaka 19 anaenda kwa afisa probesheni. Parole, iliyopata sheria yake mwaka 1994, ni ya mfungwa aliyekwisha kukaa gerezani, na hiyo ni njia ya Magereza. Mtaani yote haya yanaingia kapu moja: kifungo cha nje. Ukiuliza kwa jina la kapu, utaelekezwa popote.

Sisi aliyetutoa gizani ni karani wa mahakama. Mama alimpa karatasi, karani akaisoma mara moja, akasema: "Shikamoo mama. Mngeanzia hapa. Amri inatoka hapa, na afisa yumo humu humu kwenye amri." Hilo ndilo ningemwambia yeyote leo. Usianze na wizara, anza na mahakama iliyotoa amri, ukiwa na namba ya kesi. Na kijana akihama chumba kutoka Temeke kwenda Kinondoni, kama vijana wetu wanavyohama kila kodi ikipanda, asihame kimyakimya. Amri imefungwa kwenye wilaya. Amwambie afisa wake kwanza, ili mahakama ibadilishe jina la wilaya, la sivyo ataonekana ametoroka wakati amefuata tu chumba cha bei nafuu.

Fasihi yetu inalijua gereza vizuri. Tuna Sauti ya Dhiki ya Abdilatif Abdalla, tuna Haini ya Adam Shafi. Lakini mimi bado sijakutana na riwaya ya huyu afisa anayepanda daladala kwenda Mbagala kumwuliza mjumbe kama fulani analala nyumbani. Labda kwa sababu mtu asipofungwa hakuna kisa. Sensa ya mwaka 2022 ilihesabu zaidi ya watu milioni 5.3 Dar es Salaam, na kati yao wapo ambao uhuru wao unamtegemea mtu mmoja anayejua wanakaa nyumba gani.

Yule kijana alimaliza miezi yake 12. Mama yake alinieleza kuwa siku ya mwisho afisa alimwuliza kama ameshapata kazi. "Hakumuuliza kama ameiba tena," akasema. "Kamuuliza kama amepata kazi." Hakuongeza neno. Alikuwa ameona mwenyewe tofauti ya kuangaliwa na kuangaliwa.