Ukuta wa Zulkarnaini: boma linalorudisha siku nyuma

Hapa kwetu Uvira, toka Kavimvira mpaka Kalundu, kuna hadithi ambazo hazikuzaliwa kando ya ziwa, lakini zimekaa nasi siku nyingi mpaka zimekuwa zetu. Moja ni ile ya ukuta wa Zulkarnaini. Ilikuja na dini ya Kiislamu, iliyofika upande huu wa Tanganyika katika karne ya 19 pamoja na waungwana na wafanyabiashara wa Ujiji. Ndugu zetu Wakristo nao wanayajua majina ya Gogu na Magogu, maana yamo katika Ezekieli 38 na 39 na katika Ufunuo 20. Basi hadithi hii si ya nyumba moja tu.

Hadithi yenyewe

Kurani inaisimulia katika sura ya 18, inayoitwa Pango. Mfalme Zulkarnaini alifika katikati ya milima miwili, akakuta watu waliokuwa wakiteswa na Yajuja na Majuja, waharibifu wa nchi. Watu wale walitaka kumlipa awajengee kizuizi. Alikataa malipo, akaomba nguvu za mikono yao. Walileta vipande vya chuma, wakajaza nafasi ya milima, wakavuvia moto mpaka chuma kikawa chekundu, kiisha akamwaga shaba iliyoyeyuka juu yake. Yajuja hawakuweza kuupanda wala kuutoboa. Lakini Zulkarnaini mwenyewe alisema kwamba siku ya ahadi ya Mungu ikifika, ukuta huo utakuwa vumbi.

Wazee wanaongezaga sehemu ambayo haimo katika Kurani ila katika hadithi za Mtume, kwa Tirmidhi na Ibn Majah. Yajuja wanachimba ukuta kila siku. Wakikaribia kuona mwanga wa jua, mkubwa wao anawaambia: rudini, tutamaliza kesho. Asubuhi wanakuta ukuta ni mzima, sawa vile ulivyokuwa jana. Kazi yote imepotea. Siku moja tu atasema: tutamaliza kesho, Mungu akipenda. Asubuhi ile watakuta tundu lao palepale walipoliacha, nao watatoka. Mwanachuoni Ibn Kathir, aliyekufa mwaka 1373, alikuwa na shaka kama maneno haya yalitoka kwa Mtume mwenyewe. Aliona pengine ni masimulizi ya Kaab al-Ahbar. Hata hivyo, watu wameyashika.

Kumbe kinachowazuia Yajuja si chuma peke yake. Ni siku ambayo haiendi mbele. Katika sura ileile ya Pango kuna vijana waliolala miaka 300 na 9 zaidi, wakaamka wakidhani wamelala siku moja ao sehemu yake. Pangoni na ukutani, saa ya watu inasimama, na Mungu peke yake anajua itaanza tena lini.

Waliokwenda kuutafuta

Watu waliuchukua ukuta huu kuwa kitu cha kweli kabisa. Khalifa al-Wathiq wa nchi ya Iraki, aliyetawala toka 842 mpaka 847, aliota kwamba umetobolewa. Alimtuma mkalimani wake Sallam aende kuutazama. Sallam alirudi na habari za mlango mkubwa wa chuma, na za walinzi wanaogonga kufuli kwa nyundo ili walio ndani wajue kwamba bado kuna mlinzi. Mwaka 1154 al-Idrisi aliuchora katika ramani yake ya dunia.

Wengine waliufananisha na kuta za Derbent, zilizojengwa na wafalme wa Uajemi katika karne ya 6. Derbent leo ni mji wa Urusi, na umebanwa katikati ya mlima na maji ya bahari ya Kaspi. Sisi tunaokaa katikati ya milima ya Mitumba na ziwa tunaelewa upesi juu ya nini mtu angejenga ukuta mahali kama pale: anayepita hana njia nyingine.

Maboma ya kwetu

Ziwa letu nalo lilikuwa na maboma. Mwaka 1883 Mbelgiji Storms alijenga boma la Mpala, kusini ya Kalemie. Mwaka 1885 lilipewa Mapadri Weupe, na watu waliokimbia vita vya watumwa walijificha humo. Mwaka 1964, waasi wa Simba walipoingia Uvira, boma lilikuwa la namna nyingine: dawa ya maji iliyosemwa kugeuza risasi kuwa maji. Tena Oktoba 1996 vita ilianza hapa kwetu, na hakuna boma lililoizuia. Kila boma lilisaidia siku chache, ao halikusaidia kabisa.

Tuseme nini?

Kuna hatari moja katika hadithi hii, na lazima tuiseme wazi. Kila zamani watu waliuliza: Yajuja ni nani? Na kila zamani walijibu kwa kuonyesha jirani ao mgeni. Yosefo, mwandishi wa Kiyahudi wa karne ya kwanza, alitaja Waskiti. Baadaye walitajwa Waturuki, na katika karne ya 13 Wamongoli. Wote hao walikuwa watu wenye mama na watoto. Sisi wa Uvira tunajua vizuri tabia hiyo. Kabila likiisha kuitwa waharibifu, panga linakuwa karibu. Tumewazika watu kwa sababu ya majina tu.

Kwa hiyo, tukiwasimulia watoto wetu, tuwaambie kwamba Zulkarnaini alizuia uharibifu, na kwamba wenyeji walishika kazi pamoja naye. Tusiwafundishe kumtafuta Yajuja ng'ambo ya Ruzizi wala juu milimani.

Tena tuwakumbushe jambo moja. Ukuta wa hadithi unajirudisha wenyewe usiku. Za kwetu hazijirudishi. Aprili 2020 mto Mulongwe ulipofurika, uliua watu na kubomoa nyumba nyingi, na hakuna asubuhi iliyotukuta na nyumba zimesimama tena. Tulizijenga kwa mikono. Amani ya jirani na jirani nayo ni hivyo: ikitobolewa leo, kesho asubuhi ni sisi wa kuiziba, Mungu akipenda.