Askofu, Chaki na Bendera

Nimekula chaki maisha yangu yote ya ualimu, ndiyo maana nikitazama filamu za zamani za Askofu Fulton Sheen jicho langu hukimbilia ubaoni. Alianza kipindi chake cha televisheni Februari 1952 huko New York, Marekani. Kila Jumanne saa mbili usiku, shirika dogo la televisheni la DuMont lilimpa nusu saa, muda uleule shirika pinzani la NBC likiwa na mchekeshaji Milton Berle, kipenzi cha nchi nzima.

Sheen alisimama na joho lake, kikofia cha kiaskofu na msalaba mkubwa kifuani, bila karatasi. Anaandika maneno mawili matatu, anasogea mbele, anatania, kamera inamfuata. Akigeuka, ubao umeshafutwa. Fundi ndiye aliyeupitia haraka nje ya picha, lakini askofu humsifu malaika wake. Sisi tuliozoea kuwapa darasa mgongo huku vumbi likituingia puani tunajua hila hiyo ina thamani gani. Alipopewa tuzo ya Emmy mwaka 1953, aliwashukuru waandishi wake wanne: Mathayo, Marko, Luka na Yohane.

Mdhamini wake alikuwa Admiral, kampuni iliyotengeneza televisheni zenyewe. Dini ikauza seti, seti zikaeneza dini, na uzalendo haukukaa mbali, kwani ukomunisti ulikuwa adui wa wote. Mwishoni mwa Februari 1953 Sheen alisoma onyesho la mazishi ya Kaizari katika tamthilia ya Shakespeare, ile ambayo wengi wetu tuliijua kupitia Kiswahili cha Mwalimu Nyerere. Majina ya Warumi aliyaondoa, akaweka ya wakuu wa Kisovieti: Stalin, Beria, Malenkov na Vyshinsky. Machi 5 Stalin akafa. Gumzo lake fikiria mwenyewe.

Serikali nayo haikulala. Februari 7, 1954, Rais Eisenhower, aliyebatizwa akiwa tayari madarakani, alizungumza katika kipindi cha American Legion, chama cha askari wastaafu, cha kuwarudisha watu kwa Mungu. Juni 14 akatia saini sheria ya kuliingiza jina la Mungu katika kiapo cha bendera.

Hapo ndipo ninapoachana nao. Sheen ungeweza kumzima ukaenda kulala; kiapo kilimsubiri mtoto shuleni asubuhi. Ni kweli Mahakama ya Juu ilishaamua mwaka 1943 kwamba asilazimishwe kukitamka. Lakini nimesimamia mistari ya asubuhi mingi mno, na najua wenzake humtazamaje mtoto aliyefumba mdomo peke yake.