Mwongo wa Ngapi? Kalenda ya Pwani na Imani Yetu

Mwanzo 1:14 inatufundisha kwamba mianga ya angani iliwekwa pia ili mwanadamu apate kuhesabu siku, majira na miaka. Sisi washarika wa Kinondoni, Temeke na Kigamboni, ambao wengi wetu tumetoka bara, tunaishi katika pwani ambayo wenyeji wake walifanya hesabu hiyo kwa uangalifu mkubwa karne nyingi kabla ya sharika zetu kuwapo. Inafaa tuifahamu kalenda yao, kisha tujiulize Mkristo aipokeeje.

Watu wa Pwani walikuwa na hesabu mbili. Ya kwanza ni mwaka wa mwezi, wenye siku 354 hivi, ambao mpaka leo unaongoza funga na sikukuu za jirani zetu Waislamu. Lakini mwaka huo hutangulia mwaka wa jua kwa siku 11 hivi, kwa hiyo haumwambii mkulima apande lini, wala nahodha atweke tanga lini. Kwa kazi hizo walishika hesabu ya pili, mwaka wa jua wa siku 365 unaoanza Nairuzi, jina lenye asili ya Uajemi. Siku hizo waliziweka katika mafungu ya siku kumi kumi, yaliyoitwa miongo. Miongo 36 ni siku 360, na siku 5 zikabaki za kuukamilisha mwaka. Aliyetaka kujua majira aliuliza, "Mwongo wa ngapi?" Baharia na mwanazuoni Ahmad ibn Majid, mzaliwa wa Julfar katika Ghuba, aliyeishi karne ya 15, aliandika nyakati za safari za baharini kwa kuhesabu siku tangu Nairuzi.

Hesabu hiyo iliwafaa kwa sababu maisha ya Pwani yanafuata pepo mbili. Kaskazi huvuma kuanzia mwisho wa mwaka mpaka karibu Machi, ikileta vyombo kutoka Uarabuni na Bara Hindi. Baada yake inakuja masika, na kusi inashika zamu na kuvirudisha vyombo hivyo kwao. Hata leo wavuvi wa Kunduchi wanajua kwamba mwezi ukiandama, na tena ukiwa mpevu, ni bamvua. Maji hujaa sana na kutoka sana, na akina mama huenda mwambani kutafuta pweza. Mwezi ukiwa nusu, ni maji mafu.

Kalenda hiyo ilikuwa na kasoro moja. Mwaka wa jua una karibu robo siku zaidi ya siku 365, nayo haikuongeza siku ya kufidia. Kwa sababu hiyo Siku ya Mwaka husogea nyuma siku moja kila miaka 4, yaani siku 25 kwa karne. Katika karne ya 19 iliangukia mwishoni mwa Agosti. Leo watu wa Makunduchi, Unguja, wanasherehekea Mwaka Kogwa mwezi Julai.

Tusiwacheke. Kalenda ya Kanisa nayo ilipotea njia, na ndipo Papa Gregori XIII alipoisahihisha mwaka 1582 kwa kuruka siku 10. Hesabu yake ilikuwa sahihi, lakini baba zetu Walutheri wa Ujerumani waliikataa kwa kuwa ilitoka Roma. Zaidi ya miaka 100 majirani wa mji mmoja waliweza kusherehekea Krismasi kwa tarehe mbalimbali. Ni mwaka 1700 tu walipokubali, wakaruka kutoka tarehe 18 Februari hadi 1 Machi. Jua halikuwa la Papa wala la Walutheri.

Historia hiyo inatuhusu. Wako miongoni mwetu wanaosema kwamba elimu ya wazee wa Pwani ni ya dini nyingine, tusiiguse. Hapa tutenganishe mambo mawili. Kumwendea mganga akuchagulie siku njema ya kufungua duka au kufunga ndoa, na kuogopa siku za mkosi, ni utumwa ambao Paulo aliwaonya Wagalatia (4:10). Hakuna siku iliyo nje ya mkono wa Kristo. Lakini kuujua upepo, mwezi na mvua ni kusoma kazi ya Muumba, naye Muumba ni mmoja.

Na kutoisoma kuna gharama. Tunanunua kiwanja bondeni wakati wa kiangazi, tukiona mchanga mkavu na bei nafuu, bila kumuuliza mzee wa pale maji hupita wapi wakati wa masika. Masika ikija, familia zinahamia kwa ndugu na magodoro kichwani, nasi tunaita jambo hilo mapenzi ya Mungu. Yeremia 8:7 inamsifu ndege anayeyajua majira yake, huku watu wa Mungu wakishindwa kujua.

Basi tuwafundishe watoto wetu Majilio na Kwaresima, na pia kusi na kaskazi. Na kabla ya kuweka msingi wa nyumba, twende tukamsalimu jirani yetu mzee wa Pwani, tuketi barazani pake, tumwulize habari za maji.