Lupita Alianza Nyuma ya Kamera, Mbona Hatusemi?

Uliza msee yeyote pale Kondele historia ya Lupita Nyong'o, atakupa ya Oscar. Tarehe 2 Machi 2014, siku moja baada ya kufikisha miaka 31, tuzo mkononi kwa sababu ya 12 Years a Slave, halafu ile kauli yake kwamba popote ulipotoka, ndoto zako ni halali. Kisumu tunamdai ni wetu kwa sababu ukoo wao ni wa Seme, ukishika barabara ya kwenda Bondo, hata kama yeye alizaliwa Mexico City. Sawa. Lakini hiyo historia tunayopeana imekatwa kichwa.

Waigizaji wengi huigiza kwanza, jina likishakua ndio wanaachiwa filamu waongoze. Lupita aliingia na mlango wa nyuma. The Constant Gardener ilipopigwa hapa Kenya, kabla itoke 2005, alikuwa setini kama mtu wa kutumwatumwa. Alisoma filamu Hampshire College, Marekani, na baadaye akaigiza kwa filamu fupi ndogo, East River, ya 2008. Na wakati huohuo alikuwa anatengeneza yake mwenyewe.

Inaitwa In My Genes, ya 2009. Aliandika, akaongoza, akatayarisha. Inafuata Wakenya wanane wenye ualbino na vile jamii inawachukulia. Sasa fikiria hiyo miaka. Ng'ambo ya ziwa letu, upande wa Mwanza na Shinyanga, watu wenye ualbino walikuwa wanauawa, viungo vyao vinauzwa kwa waganga. Habari zilikuwa zinavuka maji. Watu wengi waliongea juu yao. Huyu dem, miaka ishirini na kitu, akawapelekea kamera waongee wenyewe.

Mwaka huohuo kuna video ya Wahu na Bobi Wine, The Little Things You Do. Ndio, Bobi Wine yule aliyekuja kugombea urais na Museveni. Aliyeiongoza ni Lupita, na iliteuliwa kwa tuzo za muziki za MTV Afrika. Bado 2009, akatokea kwa Shuga kama Ayira, na hapo ndipo wengi walianza kumjua sura. Yale, kusomea uigizaji, alimaliza 2012. Oscar ilikuja baada ya hayo yote.

Najua utaniambia nini: babake alikuwa waziri. Ni kweli, na tusijifanye haijalishi. Hampshire na Yale si mahali mtoto wa Nyalenda anafika kwa kujituma tu. Mimi mwenyewe kampasi ya hapa tu ilinishinda karo, nikatoka. Lakini pesa inaeleza vile alipata kamera. Haielezi mbona aliielekeza kwa watu ambao majirani walikuwa wanavuka barabara kuwakwepa. Angeweza kupiga kitu chochote.

Ndio maana nasumbuka na hii historia nusu. Mtoto wa Kisumu akisikia ya Oscar pekee, anajifunza kungoja: angoje majaribio ya Nairobi, angoje mtu amwone, angoje kuitwa. Akisikia ya 2009, anajifunza kutafuta kisa na kukipiga.

Na visa hapa viko. Kuna wamama wa samaki wanaolazimishwa kulala na wavuvi ndio wauziwe, ile mambo ya jaboya ambayo kila mtu ziwani anaijua na hakuna anayetaka kuisema mezani. Kuna gugumaji likifunga Dunga, mashua zinakwama na watu wanalala njaa. Hizo zikija kupigwa na wageni, tutalalamika wametuonyesha vibaya.

Kabla hujaniambia huna kamera, angalia hiyo kitu uko nayo mkononi ukisoma hii.