Safu ya Lugha: Asha si "maisha"

Baadhi ya vitabu vya majina ya watoto huko Marekani husema Asha ni neno la Kiswahili lenye maana ya "maisha". Si kweli. Kwa Mswahili, siku za mtu duniani ni maisha. Hali ya kuwa hai, kinyume cha kifo, ni uhai.

Asha ni jina la Kiarabu Aisha, "aliye hai", jina la mke wa Mtume Muhammad, likatamkwa Kipwani. Neno maisha nalo limetoka mzizi huohuo wa Kiarabu. Ni ndugu, si neno moja.

Asha wa India, kama mwimbaji Asha Bhosle, ni jina jingine kabisa: kwa Kihindi ni "tumaini".

Mzazi, kabla ya kumwita mtoto, waulize wenye lugha yao.