Jina la Mtunzi: Mwana Kupona na Nyimbo za Makungwi wa Kilosa

Katika wilaya ya Kilosa, tangu mjini penyewe hata Mikumi, mwanamke akishajifungua mtoto wa kwanza aghalabu jina lake hufunikwa na la mwanawe, akaitwa Mama Fulani mpaka uzeeni. Nalo ni jambo la kututia fikira, kwa kuwa Wakaguru, Wasagara na Wavidunda, wenyeji wa milima na mabonde hayo, huhesabu ukoo kwa upande wa mama.

Wala hali hii si ya kwetu peke yetu. Huko Japani, katika karne ya 10, aliishi bibi mmoja wa daraja ya juu, mke wa Fujiwara no Kaneie, aliyesifika kwa mashairi na aliyeandika habari za ndoa yake katika kitabu kiitwacho Kagerō Nikki. Ilhali hadi leo walimwengu humjua kuwa ni Mama wa Michitsuna tu, kwani jina lake mwenyewe halikuhifadhiwa.

Mwana Kupona binti Mshamu, mke wa Bwana Mataka mtawala wa Siyu, hakukubali kupotea namna hiyo. Akiwa mjane na mgonjwa, takribani miaka miwili baada ya mumewe kufariki mwaka 1856, alimwita binti yake ajongee karibu na wino na karatasi, akamtungia wasia wake kwa utendi; na kabla ya kukhitimisha alitia ndani ya beti jina lake na la baba yake, mji wa Pate alikozaliwa, na mwaka 1275 wa Hijiria, ulioanza 1858.

Wapo wanaoushutumu utendi huo kuwa wamfunza mwanamke kumnyenyekea mume, na hoja yao haikosi msingi, maana binti ahimizwa amkande mumewe, ampepee na kumridhisha. Lakini mwenye kusema hayo ni mwanamke anayemfunda mwanamke, tena kwa jina lake bayana. Hata Alice Werner na William Hichens walipouchapisha utendi mwaka 1934, hawakulazimika kubahatisha mtunzi, na sisi tunaompinga leo twampinga yeye mwenyewe, si kivuli.

Makungwi wa Kilosa nao huwafunda wari kwa nyimbo, na kazi yao ni ile ile ya Mwana Kupona. Ila nyimbo hizo, hata zikiandikwa, hunasibishwa na kabila zima, kana kwamba kabila lina kinywa kimoja. Basi mtafiti aendaye huko na daftari lake, akishapata ridhaa ya bibi kwa wimbo anaokubali utoke nje ya unyago, asitosheke kuuliza ni Mama nani: amwulize jina alilopewa alipozaliwa, jina la mama yake na la kijiji chake, ayaandike juu ya wimbo kabla ya neno la kwanza.