Banda la mvuvi nalo ni turathi ya Mambrui

MAMBRUI ni mji mkongwe wa Waswahili katika Kaunti ya Kilifi, kaskazini mwa Malindi, ng'ambo ya Mto Sabaki.

Sifa zake kihistoria zimetokana na mawe na vilivyofukiwa ardhini. Kaburi lake la mnara, ambalo nguzo yake ilianguka mwaka wa 1934, lilipambwa kwa bakuli za kauri kutoka Uchina. Mwaka wa 2010, wanaakiolojia wa Makavazi ya Kitaifa ya Kenya na wenzao wa Chuo Kikuu cha Peking walichimbua mjini humo sarafu ya enzi ya Yongle, mfalme wa nasaba ya Ming aliyetawala kuanzia 1402 hadi 1424.

Bidhaa za ng'ambo zilifika kwa vyombo vya baharini, navyo vilihitaji diko, yaani mahali pa kupwelea, pamoja na watu waliozijua njia za majini. Maarifa hayo hayako kaburini. Yamo katika mabanda ya wavuvi.

Katika pwani hii, banda husimamishwa juu ya kikomo cha maji kujaa, kwa nguzo za mikoko au mivinje, na kuezekwa makuti. Humo huwekwa matanga na makasia, majarife hushonwa, na vijana hufunzwa na wazee kupambanua bamvua na maji mafu, Kaskazi na Kusi.

Makuti huoza na kubadilishwa kila baada ya miaka michache, hivyo banda halina ukongwe wa kuonyesha. Kinachodumu ni mahali lilipo na ujuzi wa walitumiao. Ardhi ya diko ikiuzwa au njia ya kwenda majini ikizibwa kwa ua, halibaki hata gofu.

Hata hivyo, sheria haijafunga mlango. Sheria ya Makavazi ya Kitaifa na Turathi ya 2006 inamruhusu waziri kutangaza mahali au jengo la umri wowote kuwa turathi. Mwaka wa 2007, Kenya iliridhia mkataba wa UNESCO wa 2003 unaolinda ujuzi na desturi za jamii. Mwaka uo huo, kanuni za uvuvi ziliwapa wavuvi vikundi vya kusimamia madiko, maarufu kama BMU.

Kwa hivyo, kulihifadhi banda huanza kwa kulipima diko, kuisajili ardhi yake kwa manufaa ya umma na kuiacha wazi njia ya majini. Makuti, wavuvi watayabadilisha wenyewe.